Kuchakuro Wanne wa Bwana Mikia

Ninyi mnaokaa nami barazani baada ya alasiri mmeniuliza mara nyingi safari ya Kibakwe ilikuwaje, na kila mara nimeishia katikati, kwa sababu mmoja wenu hucheka mapema na mwingine huuliza ya mbele kabla ya ya nyuma kwisha. Nimeona afadhali niandike, mambo yafuatane kama yalivyofuatana. Pale ambapo sikuelewa nitasema sikuelewa, na mtaona kuwa ni pengi.

Dodoma, kabla ya kuondoka

Kwa atakayesoma karatasi hizi bila kunijua, mimi ni mpima mizani katika duka la ngozi na nta. Shule sikusoma. Herufi za Kiarabu nilifundishwa na marehemu baba, na za Kizungu nilijifunza mwenyewe, kwa kulinganisha maandishi ya juu ya masanduku na vitu vilivyokuwamo ndani. Nina kitabu kimoja cha Kidachi chenye picha za wanyama wa dunia, nilichokinunua mnadani katika mali ya mfanyabiashara aliyefariki. Maneno yake nayaelewa kidogo. Picha zake nazijua zote.

Kurasa za kuchakuro ndizo nilizozisoma zaidi. Yupo mwekundu mwenye nywele masikioni, akaaye katika misonobari ya Ulaya na kufukia mbegu ardhini kabla ya theluji. Yupo wa Bara Hindi mwenye mistari mgongoni. Yupo wa misitu ya mashariki ya mbali mwenye ngozi pana kati ya mikono na miguu; akijirusha huelea kutoka mti hata mti. Wapo wa Amerika wasiopanda mti kabisa, wanaochimba mashimo mengi kama mji na kupigiana mbinja wakiona mwewe. Jambo hili lilinishughulisha: ukoo mmoja wa wanyama, na kila nchi imewapa nyumba ya namna nyingine.

Sasa habari yenyewe. Palikuwa na Mdachi tuliyemwita Bwana Mikia, kwa kuwa kazi yake ilikuwa kukusanya wanyama wadogo awapeleke kwao, na mikia ya ngozi alizoanika ilining'inia kwenye kamba mbele ya hema lake. Mnyapara wake alileta stesheni sanduku lenye kuchakuro wanne hai kutoka nyika za kaskazini, njia ya Kondoa, akaliacha hapo na kurudi alikotoka. Bwana mwenyewe alikuwa Bahi, akitafuta ndege wa kwenye mabwawa. Alitazamiwa kurudi kwa gari la moshi na kuendelea nalo mpaka pwani pamoja na wanyama wake, ambao alikuwa hajawaona bado.

Mlinzi wa sanduku alikuwa shemeji yangu Ndahani, ndugu wa mke wangu, kibarua wa stesheni. Asubuhi sanduku lilikutwa tupu.

Ombasha wa boma akamfunga Ndahani, akatueleza mbele ya watu mambo yatakavyokuwa. Bwana akifika na sanduku ni tupu, Ndahani atalazwa chini apigwe hamsa ishirini, yaani viboko ishirini na vitano, kisha aingizwe katika mnyororo wa wavunja mawe. Sanduku likiwa na kuchakuro, atafunguliwa aende zake. Ndahani ni mtu mwembamba, na kifua chake hakijawa kizuri tangu alipougua wakati wa kutandika reli. Tuliokuwapo tulijua kwamba wengine wenye kifua kizima hawakuinuka baada ya kiboko hicho.

Nililitazama sanduku. Mbao zake hazikutafunwa. Kamba ya mlango ilikuwa imefunguliwa, haikukatwa. Nilimwonyesha ombasha.

"Kuchakuro ana vidole kama vya mtu," alisema ombasha. "Hujawaona wanavyoshika karanga?"

Nikaenda na mke wangu, Mama Sudi, kwenye dirisha la chumba walimomfungia Ndahani, nikamwuliza wanyama hao walikuwaje, maana stesheni nzima hakuna mwingine aliyewaona vizuri.

Ndahani alimtazama kwanza dada yake, kisha akatazama kwingine.

"Wa miti," alisema. "Mkia mpana kama ufagio. Tumbo jekundu."

"Wekundu wa damu au wa udongo?"

"Shemeji, mimi nililinda. Sikuwa nanunua."

"Lakini nyika za kaskazini hazina miti mirefu. Kuchakuro wa miti wametoka wapi huko?"

"Waulize wakirudi."

Mama Sudi aliinamisha uso, nikadhani analia. Nilirudi nyumbani nikafungua kitabu. Kwa kadiri nilivyokielewa, wenye tumbo jekundu hukaa katika misitu yenye unyevu, na misitu ya namna hiyo iliyo karibu nasi iko upande wa Mpwapwa na kupita huko. Haikulingana na njia ya Kondoa. Lakini ushahidi wa aliyeona kwa macho niliuweka juu ya hesabu zangu, nikaenda mashariki.

Kwa gari la moshi mpaka Gulwe

Nilikwenda na Maganga, Mnyamwezi aliyekuwa mpagazi wa misafara miaka mingi, naye tangu reli ifike alikuwa hana kazi isipokuwa kuitukana reli. Alibeba unga, chungu na mablanketi. Mimi nilibeba kitabu na tenga tupu la kuku.

Tenga hilo lilinitaabisha kuliko mzigo. Mtu anayesafiri na tenga lenye kuku haulizwi kitu. Mwenye tenga tupu huulizwa na behewa zima. Mzee mmoja wa Kikombo, aliyekaa mbele yangu na mkungu wa ndizi magotini, alianza baada ya salamu.

"Unakwenda kununua kuku?"

"Kuchakuro."

"Wa kula?"

"Si wa kula."

"Wa dawa basi."

"Wala si wa dawa."

"Sasa wa nini?"

"Wa kurudisha."

Alinitazama, akatazama tenga, akauchukua mkungu wake akahamia benchi jingine. Maganga alicheka mpaka akakohoa. "Umemwambia kweli tupu, Baba Sudi," alisema. "Ndiyo maana amekuogopa."

Kabla ya kufika Kikombo gari lilisimama. Ng'ombe walikuwa wamelala juu ya reli, na mchungaji alikuwa ameketi kando yao bila haraka. Dereva alipiga king'ora. Mchungaji akasimama, akainua mkono kusalimu, akaketi tena. Baadaye nilifahamu kuwa alidhani gari limesimama kumsubiri yeye aamue, na yeye alikuwa akiwasubiri ng'ombe. Jua lilitupiga humo ndani, watu wakashuka, wengine wakapika. Mwanamke mmoja alitugawia ugali wa uwele na mlenda, akakataa kupokea chochote. Tulipofika Gulwe hapakuwa na mwanga wa kutosha kutembea, tukalala stesheni.

Mpwapwa

Kutoka Gulwe tulipanda kwa miguu hadi Mpwapwa, kwa Lalji, Mhindi mwenye duka anayepeleka ngozi kwa tajiri wangu. Alitukaribisha kwa chai ya tangawizi, chapati na dengu, na baada ya kula nikamfungulia kitabu.

Alipitisha kidole juu ya picha na kusimama kwenye yule wa mistari.

"Huyu wa kwetu," alisema. "Juu ya paa la mama yangu walikuwa wengi. Asubuhi mama anaweka wali kidogo ukutani, wanakuja. Mungu wetu alimpapasa mgongoni kumshukuru, vidole vikabaki. Hiyo ndiyo mistari."

"Anaishi katika nyumba za watu?"

"Katika nyumba, katika hekalu, sokoni. Sijapata kumwona porini."

Hili lilikuwa geni kwangu, kwa kuwa msanii wa kitabu amemchora juu ya mti peke yake, hapana paa wala wali. Nilianza kushuku picha nyingine pia.

Lalji alikuwa na moyo mwema, na moyo wake ndio ulionichelewesha. Bila kuniambia alituma mtu aeneze habari mjini kwamba yupo mgeni anayetaka kuchakuro wazima. Asubuhi uani palijaa watu. Wa kwanza alileta pimbi amefungwa miguu. Nikamweleza kuwa pimbi hana mkia.

"Ulisema unataka mkia?" aliuliza.

"Kuchakuro ana mkia."

"Basi huyu ni kuchakuro aliyekatika."

Wa pili alileta nguchiro, ambaye alimng'ata Maganga. Wa tatu alileta panya buku mkubwa kama paka, na wa nne akaleta paka. Huyu wa paka nilimwuliza kwa upole kama kweli aliamini huyo ni kuchakuro. Alisema hapana, lakini alisikia nanunua, akaona nami nilikuwa nimechoka kukataa.

Mmoja tu alileta kitu cha maana: ngozi kavu ya kuchakuro wa vichakani, mgongo wa kijivu, tumbo la manjano. Niliishika kama ninavyoshika ngozi kazini, nikaipuliza manyoya. Manjano, hakuna shaka. Kwa hiyo wapo wa tumbo jekundu niliowafuata, na wapo wa tumbo la manjano ambao sikutajiwa na mtu, tena wanakaa katika vichaka vikavu kama vya kwetu Dodoma. Kama Ndahani alikosea rangi katika giza la stesheni, nilikuwa nimeacha wanyama nyuma ya nyumba yangu na kuja kuwatafuta mbali.

"Chukua hawa wa manjano," alisema Lalji. "Mdachi atajua?"

"Kujua ndiyo kazi yake."

"Basi wekundu wapo Kibakwe, juu milimani. Wanaonileteaga nta huwasema vibaya sana."

Nilikaa nikapima mashauri mawili. Nikichukua wa manjano nitawahi, lakini kama si wenyewe mgongo wa Ndahani utalipa. Nikienda Kibakwe nitakuwa na wale aliowataja mwenyewe, lakini huenda Bwana akafika kabla yangu. Nilichagua Kibakwe. Moyoni sikuwa na hakika, na sikumwambia Maganga.

Njia ya Kibakwe

Tulirudi mpaka Gulwe tukavuka reli, tukashika njia ya kusini. Jua la huko halina mahali pa kulikimbia. Mchana tulifika kwenye tembe la Mgogo mmoja mwenye mwili mkubwa, jina lake Chilongani, aliyekuwa ameketi na wanawe wakila. Mimi nilisimama mbali nikabisha hodi. Tulisalimiana: "Mbukwa," "Mbukwenyi." Maganga hakubisha wala hakusalimu. Alipita moja kwa moja, akakaa kati yao, akachukua kibuyu cha maziwa ya mgando, akanywa mpaka koromeo likapanda na kushuka.

"Mnyamwezi," alisema Chilongani, "waliokufundisha kubeba mizigo hawakukufundisha kuomba?"

"Nimuombe nani? Ninyi mnaowafuata ng'ombe mpaka mmefanana nao?"

"Kanywe maji ya bwawani na punda wenzako."

"Punda wenzangu ndio hawa nimekaa nao."

Chilongani aliinua fimbo, akampiga Maganga begani, si kwa nguvu nyingi lakini ilisikika. Nikaona safari inaishia hapo. Nilisogea mbele, nikaomba radhi kwa maneno marefu na mazuri, nikasema mwenzangu amechoka na jua, nami nitalipa maziwa.

Chilongani alinikazia macho, na kwa mara ya kwanza uso wake ulikasirika kweli.

"Huyu ni nani anayelipia maziwa ya mtani wangu?" alimwuliza Maganga.

"Mtu wa mjini," alisema Maganga. "Amesoma."

"Maskini."

Ninajua utani ni nini. Nimeuona mazikoni na sokoni. Lakini siku ile sikuweza kuona mstari kati ya fimbo ya mzaha na fimbo ya kweli, na mpaka leo nikimwuliza Maganga alijuaje, hunijibu kwamba fimbo ya mzaha inauma vile vile. Tulipewa ugali na kipande cha nyama kavu. Chilongani aliniuliza habari ya tenga, nami nikamweleza yote, pamoja na jina la shemeji yangu na ukoo wake.

Alisita kutafuna. "Ndahani wa ukoo huo? Na kuchakuro?"

"Ndiyo."

"Na amekwambia wa miti?"

"Wa miti."

"Basi endelea na wa miti," alisema, akageuza mazungumzo kwenye mvua. Niliona kuwa kuna jambo, lakini sikujua ni jambo gani, na kumwuliza tena mtu niliyekwisha mkosea niliona haya.

Juu ya Kibakwe

Kibakwe ni nchi nyingine. Hewa ina baridi, udongo ni mwekundu, na mashamba yanapanda mlima mpaka yanapokutana na msitu. Tulielekezwa kwa mjane mmoja, Mama Mlewa, mwenye mizinga ya nyuki na shamba la mahindi kwenye ukingo wa msitu. Nilipotaja kuchakuro aliweka jembe chini.

"Unataka wangapi?"

"Wanne."

"Chukua mia. Napanda asubuhi, wanafukua jioni. Mbegu moja moja, kama wamenihesabia."

"Tumbo lao ni jekundu?"

"Jekundu kama la mwizi." Kisha akanitilia shaka. "Unawataka wazima? Ukawaachie wapi?"

"Nitampa Mdachi. Atawapeleka ng'ambo."

"Ng'ambo kuna mahindi?"

"Nadhani."

"Shauri lao."

Tukiwa tunangojea siku ya kutega, nilimwonyesha kitabu. Aliipita picha ya kuchakuro wa Ulaya bila kusema, lakini alipofika kwa yule anayeelea alicheka. "Huyu nawe umemtoa wapi? Huyu ni wetu." Nikamwambia haiwezekani, huyo ni wa misitu ya mashariki ya mbali. Akaniambia yule wa msituni kwake hutoka giza likiingia, hujirusha na ngozi yake imetanuka, na chini ya mkia ana magamba makali ya kujishikia kwenye gome. Nilitazama picha: magamba hayakuwapo. Ama ni mnyama mwingine mwenye kufanana, ama mchoraji hakumgeuza. Sikuweza kukata shauri, nami sijui mpaka leo.

Namna yake ya kutega ilikuwa hivi. Mizinga ni magogo yaliyotobolewa yakaning'inizwa mitini, na mzinga uliohamwa na nyuki haukai bure. Kuchakuro huingia kulala humo. Mtu akipanda alfajiri kabla hawajatoka, akaziba tundu kwa kitambaa, anaushusha mzinga na wakazi wake. Tatizo ni kwamba kutoka nje huwezi kujua nani amelala ndani.

Mzinga wa kwanza ulikuwa na komba. Alitutazama kwa macho yale makubwa kama tuliyemwamsha bila adabu, akaruka juu ya kichwa cha Maganga na kwenda zake. Wa pili ulikuwa na nyuki ambao Mama Mlewa alidhani wamehama. Tulikimbia mpaka kwenye kijito. Mama Mlewa aliyetutangulia kukimbia ndiye aliyetutangulia kucheka. "Mwenye kitabu ana mbio," alimwambia Maganga.

Wa tatu na wa nne ilikuwa na kuchakuro, wawili na wawili. Nilimshika mmoja kwa kitambaa nikamgeuza. Mgongo wa rangi ya jani lililonyauka, mkia mpana, tumbo jekundu la kutu. Ndivyo alivyosema Ndahani, neno kwa neno. Nilihema kwa faraja, na papo hapo faraja ikaniondoka, kwa sababu nilikumbuka Ndahani hajapata kufika milima hii, na wanyama hawa hawashuki kwenye nyika. Alikuwa amewaeleza kwa usahihi wanyama ambao hakuweza kuwaona.

"Twende," alisema Maganga. "Utafikiri njiani."

Kurudi

Nilifikiri njiani na sikupata kitu. Tulipokuwa tukishuka joto lilipanda, na kuchakuro waliozoea ukungu walianza kulala ubavu midomo wazi. Niliwafunika kwa kitambaa kilicholowa maji, nikawa nakilowesha kwa maji yetu ya kunywa, jambo ambalo Maganga alilisema sana. Hata hivyo mmoja alikufa kabla ya Gulwe. Katika kitabu kila kuchakuro amechorwa na mti wake au shimo lake, na nilikuwa nimedhani ni pambo.

Gari lilichelewa. Mtu mmoja stesheni alisema Bwana Mikia ameshapita kwenda pwani. Mwingine alisema aliyepita ni Mdachi mwingine, mwenye ndevu. Nikamwuliza kama Bwana Mikia ana ndevu au hana, na nilipoona wanaanza kubishana nikaenda kukaa kivulini na tenga langu. Nilimwona Ndahani akilini amelala chini mbele ya boma, na tenga langu limechelewa kwa sababu ya uani kwa Lalji, paka na panya buku.

Tulipoingia Dodoma, Bwana Mikia alikuwa amesimama stesheni kando ya sanduku tupu. Gari la pwani lilikuwa linapakia kuni. Ndahani alikuwa chini, mikono imefungwa, na ombasha alikuwa amekwisha vua koti.

Nilipita katikati ya watu nikaweka tenga miguuni pa Bwana, nikaondoa kitambaa. Alichuchumaa. Alitazama muda mrefu, akaingiza kalamu kati ya fito akamwinua mmoja mkia.

"Umewapata wapi hawa?"

"Milimani, Bwana, juu ya Kibakwe. Ukingo wa msitu, katika mizinga mitupu."

"Si wale," alisema. "Mimi niliagiza wa mashimo. Wa nyikani. Wanachimba chini."

Nilimtazama Ndahani, alikuwa akitazama udongo.

Ombasha alisogea. "Bwana, walipotea wanne, wamerudi watatu, nao si wenyewe. Nipige kwa wanne au kwa mmoja?"

Niliikokotoa hesabu hiyo akilini bila kutaka. Hamsa ishirini haigawanyiki kwa nne. Ombasha naye nadhani alikuwa akikokotoa, maana midomo yake ilicheza.

Bwana Mikia alikuwa bado amechuchumaa. Alisema neno kwa Kidachi, taratibu, kama mtu anayeongea na chakula chake. Kisha kwa Kiswahili: "Hawa sina. Wa mashimo ninao ngozi nyingi. Hawa sikupata hata mmoja." Akanyanyuka. "Mwache huyo."

"Nimwache, Bwana?"

"Mfungue. Na leteni maji kwa wanyama, wanakufa."

Ombasha alivaa koti lake. Gari lilipiga king'ora, Bwana akapanda na tenga langu la kuku, na hakuna aliyeniuliza tena neno lolote.

Nyumbani

Tulirudi watatu, mimi, Ndahani na Maganga. Ndahani alitembea mbele akijisugua viganja. Tulipokaribia nyumbani alinigeukia.

"Ni kweli wa juu ya miti?"

"Kweli. Wa miti mirefu."

"Basi hao si wetu," alisema, akaingia ndani.

Mama Sudi alikuwa amepika ugali wa mtama na mlenda, na kuku. Alimpa ndugu yake maji ya kunawa kabla ya kunipa mimi. Nilingoja mpaka Maganga amekula na kuaga, ndipo nikauliza, nami nitawaandikia walivyonijibu.

Kila ukoo wa Wagogo una mzilo wake, yaani mwiko wa kitu ambacho hauli, hauui wala haufungi. Mzilo wa ukoo wao ni kuchakuro wa mashimo. Aliyemfunga, au akakaa na aliyemfunga bila kumfungua, ngozi ya watoto wa ukoo humenyeka. Ndahani alipofunua turubai la sanduku na kuona wenye kukaa ndani, hakuwa na la kufikiri. Alifungua kamba.

Miaka yote ya ndoa sikulijua jambo hili. Nyumbani kwetu kuchakuro haliwi, kwa kuwa mimi ni Mwislamu na sikupata kumhalalisha, na mke wangu hakumla. Nilidhani anafuata dini yangu. Yeye alikuwa akifuata ukoo wake, na sufuria moja ikatutosha wote wawili bila mmoja kumwuliza mwingine.

"Na hao wa tumbo jekundu?" nilimwuliza Ndahani. "Uliwaona wapi?"

"Sikuwaona. Mama yetu alizaliwa upande wa Kibakwe. Alikuwa akituimbia habari zao tukiwa wadogo."

"Ulinituma nikalete wanyama wasiokuwa wenyewe. Bwana angekasirika, wangekuua pale stesheni."

"Ungeleta wenyewe, nani angewafungua mara ya pili?" alisema. "Mgongo ni wangu. Watoto ni wetu sote."

Nilimgeukia mke wangu. Alikuwa akikusanya vyombo.

"Nawe ulikuwapo dirishani. Ulisikia anadanganya, ukanifungia unga wa safari, ukanyamaza. Yule ni ndugu yako. Kwa nini hukuniambia?"

Alisimama na vyombo mikononi, akanitazama bila hasira.

"Ningekwambia, Baba Sudi, ungewaleta."

Nilifikiri jambo hilo kama ninavyofikiri mambo yote, upande huu na upande huu. Nyika ya kaskazini iko karibu kuliko Kibakwe. Mashimo yanaonekana kwa macho. Ningekwenda, ningechimba, na ningerudi nao wanne, wazima, mapema.

"Ndiyo," nilisema. "Ningewaleta."

Akapeleka vyombo nje kuosha.